Mlembe, Ndege Aongozaye Watu Kwenye Asali

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wakulima na walimu wa shamba, Unguja)



Tumetakiwa leo tuseme nanyi habari za ndege, nasi twajua ya kuwa wengi wenu mliokaa hapa mwawajua ndege kuliko sisi. Kazi yetu ni kalamu na daftari katika afisi ya mjini, wala hatukuzaliwa katika ukoo wa warina asali. Lakini iko habari moja iliyotukaa moyoni miaka mingi, kwa sababu tulipoisikia mara ya kwanza tuliicheka, na tulipokuja kujua ya kuwa ni kweli, aliyetuambia alikuwa amekwisha fariki. Basi twawaomba mtusikilize kwa saburi, kwani hotuba hii nusu yake ni habari za ndege, na nusu yake ni kulipa deni.

Tulipokuwa vijana wa skuli ya misheni, sisi na wenzetu wawili tulikuwa na desturi ya kupita Malindi kila jioni, penye maghala ya karibu na bandari. Mlangoni pa ghala moja alikuwapo bawabu, mzee wa Kiyao, aliyezaliwa ng'ambo ya kusini ya mto Ruvuma, akaja Unguja katika ujana wake kutafuta kazi ya mashamba ya karafuu. Tulimwita Babu, kama ilivyo adabu. Yeye alikuwa akitupa karanga za kukaanga, nasi tukimsomea barua zilizomjia kutoka kwao.

Jioni moja alipita mtu akiuza asali katika chupa. Babu akaitazama, akasema, "Wajukuu zangu, kwetu asali hatuitafuti. Twaitwa." Tukamwuliza, mwaitwa na nani? Akatuambia ya kuwa yuko ndege mdogo ajuaye kila mti wenye nyuki, naye humwendea mtu na kumpigia kelele mpaka amfuate. Na mtu naye akiwa na haja ya asali humwita ndege. Tukamwomba atuonyeshe jinsi anavyoitwa. Akatetemesha ulimi, brrrr, kisha akafunga kinywa na kuguna kwa kifua, hm.

Tukacheka mpaka machozi yakatutoka. Mmoja wetu akasema, "Babu, ndege huyo amesoma skuli gani hata ajue maneno ya watu?" Mzee hakukasirika. Alijibu, "Hakusoma, wala mimi sikusoma, lakini yeye na mimi twaelewana. Ninyi mmesoma, na bado hamjanielewa." Juma lile mwalimu alitupa insha juu ya mambo yasiyo na msingi yanayoaminiwa na watu, nasi tukaiandika habari ya Babu na ndege wake. Tulipata alama nzuri.

Sasa na tumtazame ndege mwenyewe. Kwa Kiswahili wako wamwitao mlembe, na wako wamwitao kiongozi. Mlembe si ndege wa kupendeza macho. Ukubwa wake wapungua njiwa, na uzito wake ni kama gramu 50 tu. Mgongo wake ni wa rangi ya udongo na majivu, na tumbo lake jeupe lisilong'aa. Dume hutambulikana kwa koo jeusi, mdomo wa rangi ya waridi, na doa jeupe shavuni. Arukapo, mkia wake huonyesha manyoya meupe ya pembeni, na hayo meupe ndiyo mtu ayafuatayo kwa macho baina ya miti.

Jamaa ya ndege hawa ina aina 17. Mbili zakaa Asia, nyingine zote zakaa Afrika. Lakini aina moja tu yajulikana kwa hakika kuwa huongoza watu, nayo ndiyo tunayoisema leo. Makao yake ni miombo na mbuga zenye miti, tangu Senegali mpaka Ethiopia, na kushuka mpaka Afrika ya Kusini. Sisi wa kisiwani hatukuzoea kumwona, na labda ndiyo sababu ilikuwa rahisi kwetu kumcheka yule aliyemwona.

Kazi yake huifanya hivi. Mtu awapo njiani porini, ndege huja akatua katika mti wa karibu, akaanza kupiga kelele za haraka haraka, mfano wa kibiriti chenye njiti kinachotikiswa. Mtu akielekea kwake, ndege huruka mbele, akatua tena, akaita tena. Mtu akichelewa, hungoja, na pengine hurudi nyuma kumtazama. Hivyo huendelea mti hata mti. Wakifika penye nyuki, sauti hubadilika, kisha ndege hukaa kimya tawini. Hapo mtu ajua kwamba safari imekwisha, na sasa ni zamu yake kutazama miti mpaka auone mlango wa nyuki.

Twaweza kuuliza, ndege ataka nini hata asumbuke hivi? Asali siyo aitakayo zaidi. Ataka nta, na majana ya nyuki yaliyomo katika masega. Viumbe wawezao kula nta na kupata nguvu kwayo ni wachache sana duniani, kwa kuwa matumbo ya wengi hayawezi kuisaga; huyu aweza. Hula pia viwavi na wadudu wengine, lakini nta ndiyo tamaa yake. Jambo hili liliandikwa zamani sana. Padre mmoja Mreno, jina lake João dos Santos, alikaa Sofala, kule mwisho wa kusini wa mwambao wetu huu wa Waswahili, katika miaka ya mwisho ya 1500. Katika kitabu chake kilichopigwa chapa mwaka 1609 aliandika kwamba ndege wadogo walikuwa wakiingia kanisani mwake na kudonoa mishumaa ya nta iliyokuwa juu ya altare. Aliandika pia ya kuwa ndege hao huwaongoza watu kwenye asali. Basi habari aliyotuambia Babu ilikuwa imekwisha andikwa kitabuni karne kadhaa kabla sisi hatujaicheka.

Lakini nta imo ndani ya mti, na mti una tundu dogo, na tunduni mna askari wenye mikuki. Ngozi ya mlembe ni nene, walakini nyuki wakimzingira waweza kumwua. Hana shoka la kupasulia mti, wala hana kienge cha kuwafukiza nyuki. Mwanadamu anavyo vyote viwili, lakini yeye hana mabawa ya kuuzunguka msitu na kukagua kila mti. Mmoja ana habari na hana chombo, mwingine ana chombo na hana habari. Huo ndio msingi wa urafiki wao. Wahenga wetu walisema, fuata nyuki ule asali. Watu wa bara waweza kusema, mfuate mlembe, naye atakufikisha kwa nyuki.

Mtu wa kwanza kuyapima mambo haya kwa saa na kwa hesabu alikuwa mwana wa Afrika ya Mashariki, Bwana Hussein Isack wa Kenya, pamoja na mwenziwe Bwana Heinz-Ulrich Reyer. Walifuatana na warina asali wa Kiborana katika nchi kavu ya kaskazini ya Kenya, na mwaka 1989 wakatoa matokeo ya kazi yao. Waborana humwita ndege kwa mbinja kali waiitayo fulido, ambayo huipiga kwa kupuliza ndani ya ngumi zilizofumbatwa, au katika kombe la konokono, au katika kokwa ya mkoma iliyotobolewa. Katika nchi wasiyoijua vizuri, Waborana wasipokuwa na ndege walitumia muda wa saa 8.9, kwa kadiri, kupata makao ya nyuki. Walipokuwa na ndege walitumia saa 3.2. Na katika kila makao 100 ya nyuki waliyoyaona, yapata 96 ndege asingeweza kuyafikia kama mtu asingeyafungua.

Tena liko jambo lililotustaajabisha zaidi ya hizo hesabu. Waborana walimwambia Bwana Isack kwamba ndege huwaarifu mambo matatu: nyuki wako upande gani, wako mbali kiasi gani, na ya kuwa wamefika. Yeye hakuyacheka maneno hayo, wala hakuyakubali hivi hivi tu. Aliyapima. Akaona ya kuwa ndege kweli huelekea upande wa nyuki. Kwamba kila wakaribiapo, vituo vyake huwa vifupi na matawi atuayo huwa ya chini zaidi. Na kwamba wakifika, mwenendo wake hubadilika. Wazee wasiojua kusoma walikuwa wameisoma tabia ya ndege kwa usahihi, na mwenye elimu akaithibitisha kwa kuwaheshimu kwanza, kisha kupima. Hiyo ndiyo njia ambayo sisi, tulipokuwa na kalamu zetu mpya, hatukuifuata.

Sasa tumefika penye aibu yetu. Mwaka 2016 ilitolewa habari ya kazi iliyofanywa kusini ya Ruvuma, katika hifadhi ya Niassa nchini Msumbiji, na Bibi Claire Spottiswoode na wenziwe pamoja na warina asali wa Kiyao. Tuliisoma afisini wakati wa mapumziko ya adhuhuri. Imeandikwa humo kwamba Wayao humwita ndege kwa sauti ya kutetemesha ulimi ikifuatwa na mguno mfupi: brrrr, hm. Tuliweka chini kikombe cha chai. Ilikuwa sauti ile ile iliyotoka kinywani mwa bawabu wa Malindi.

Wale wataalamu walifanya jaribio la haki. Walitembea porini wakipiga sauti mbalimbali kwa nguvu iliyo sawa: mara sauti ya Wayao, mara sauti nyingine za watu, mara sauti za wanyama. Walipopiga sauti nyingine, katika kila safari 100 ndege alikuja kuwaongoza mara 33. Walipopiga sauti ya Wayao alikuja mara 66. Na tukihesabu safari zilizofikisha watu penye nyuki, kwa sauti nyingine zilikuwa 16 katika 100, na kwa sauti ya Wayao 54. Kwa hiyo ndege haisikii sauti hiyo kama kelele tu ya mtu apitaye. Aijua kuwa ni maneno ya mtu mwenye shoka na moto, aliyekuja kurina asali.

Kuna zaidi. Huku kwetu Tanzania, karibu na Ziwa Eyasi, wakaa Wahadzabe, ambao tangu zamani hupata riziki yao kwa mawindo, mizizi, matunda na asali. Wao hawatetemeshi ulimi. Humwita ndege kwa mbinja yenye mwimbo. Mwaka 2023 Bibi Spottiswoode na Bwana Brian Wood walitoa habari ya jaribio walilolifanya pande zote mbili. Kwa Wahadzabe, ndege waliitikia mbinja ya Kihadza zaidi ya mara tatu kuliko walivyoitikia sauti ya Kiyao. Kwa Wayao, ndege waliitikia sauti ya Kiyao karibu mara mbili kuliko mbinja ya Kihadza. Ndege ni wa aina ile ile moja, bali kila mmoja amejifunza lugha ya wenyeji wake. Mgeni akija na lugha ya mbali, husikilizwa kidogo tu.

Tukumbuke vilevile kwamba watu hawafanani katika malipo. Wayao wakiisha kupasua mti, huchukua kipande cha nta, wakakitandikia majani mabichi, wakamwachia ndege haki yake waziwazi. Wahadzabe hufanya kinyume. Mara nyingi huyachoma masega yaliyobaki, au huyafukia, au huyaficha, kwa kuwa wasema ndege akishiba hataongoza tena leo. Na huku si kutojua faida ya ndege, maana ilipimwa ya kuwa kwa msaada wake Wahadzabe hupata makao ya nyuki kwa wepesi ulio zaidi ya mara tano. Wahenga walisema mkono mtupu haulambwi. Lakini mlembe wa Eyasi aonekana kuulamba, kwani kila mara hudondoka makombo ambayo mtu hakuyaona.

Katika sehemu nyingi za Afrika husimuliwa kwamba mtu asiyemlipa ndege huyu, safari ya pili ataongozwa mpaka kwa simba au kwa nyoka. Ni hadithi nzuri kwa watoto, kwa kuwa yawafundisha kulipa fadhila. Lakini tukiipima kama Bwana Isack alivyopima, twaona haisimami: kama ndege angelipa kisasi hivyo, Wahadzabe wangekuwa wamekwisha zamani kuliwa na simba.

Kadhalika imeandikwa katika vitabu vingi ya kuwa mlembe humwongoza nyegere, mnyama yule mkali apendaye asali. Picha zake zimechorwa na vitabu vya skuli vimelinakili jambo hilo kana kwamba limeonekana kila siku. Wataalamu walipowauliza warina asali karibu 400 wa nchi 9 za Afrika, katika habari iliyotolewa mwaka 2023, wengi walisema hawasadiki. Bali katika jamaa tatu za Tanzania, Wahadzabe wakiwa miongoni mwao, wengi walisema wameona kwa macho yao. Tazameni jinsi dunia ilivyopinduka hapa: neno la mzee bawabu tuliliita uzushi nalo lilikuwa kweli, na neno la kitabuni tulilikubali bila kuuliza nalo lingali lataka ushahidi.

Mpaka hapa mtasema, kumbe mlembe ni ndege mwema, rafiki wa wanadamu. Hapana budi tuwaambie na upande wake wa pili, kwa maana hotuba isemayo nusu ya kweli haina faida.

Mlembe hajengi kiota. Jike huenda kutaga katika viota vya ndege wengine wakaao katika matundu, mfano wa keremkerem, ambaye huchimba tundu lake ardhini. Kule Zambia, keremkerem wadogo huchimba viota vyao hata katika mapaa ya mashimo yaliyochimbwa na muhanga, na mlembe huwafuata huko huko gizani. Jike akiingia, hutoboa mayai ya mwenye nyumba, akaacha la kwake. Tena yai lake limekwisha kaa tumboni mwake muda wa siku moja zaidi, hata likitagwa kinda amekwisha tangulia kukua. Hivyo hutangulia kuanguliwa.

Kinda huyo huzaliwa kipofu, hana unyoya hata mmoja, lakini mdomoni ana ndoana mbili kali, moja juu na moja chini. Mwaka 2012 Bibi Spottiswoode na mwenziwe walitoa habari ya mambo waliyoyaona kwa kutia vyombo vya kupigia picha ndani ya viota hivyo vya giza. Makinda ya keremkerem yalipoanguliwa, yule mgeni kipofu aliyauma na kuyatikisa, akapumzika, akayauma tena, mpaka yakafa yote. Wazazi wa kiota walileta chakula huku mauaji yanaendelea, wakatafuta kinywa kilicho wazi, wakakilisha. Baadaye ndoana zile huanguka, kwa kuwa kazi yake imekwisha, na kinda hukaa kiotani karibu mwezi mmoja akilishwa na wale aliowaulia watoto wao.

Tulipoyasoma hayo tulichukia. Mmoja wa makarani wenzetu alisema, "Ndege huyu ni mnafiki: kwetu aja kama kiongozi, na kwa jirani yake ni mwuaji." Tukalifikiri neno hilo siku kadhaa, na sasa rai yetu ni hii. Ndege hana unafiki, wala hana wema. Atafuta nta yake na kuendeleza kizazi chake kwa njia alizopewa. Neno wema na neno uovu ni mzigo wetu sisi wenye akili, wala tusimtwike ndege. Lakini yako mafundisho makubwa katika malezi yake, nayo ndiyo tuliyotaka hasa kuwaletea leo.

Wahenga walisema, asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu. Mlembe hamjui mamaye wala babaye. Amelelewa na keremkerem, ambaye hajui kuongoza mtu, wala hali nta. Hata hivyo, atokapo kiotani aweza kuwaendea watu na kuwaongoza, na makinda wenye koo la manjano wameonekana wakiifanya kazi hiyo. Kwa hiyo tamaa ya kuongoza yaonekana amezaliwa nayo. Bali lugha ya watu wa mahali pake hapana aliyempa kiotani. Aipata kwa kusikia na kuona, akigundua kwamba wapigao sauti hii ndio wapasuao miti.

Na mwanadamu je? Yeye hakuzaliwa na chochote katika hayo. Kijana wa Kiyao apiga brrrr, hm kwa sababu alimsikia babaye, na babaye alimsikia babu. Ukikatika mkono mmoja katika mkufu huo, sauti imekufa. Na sauti ikifa mahali pamoja, ndege wa mahali hapo hawatakuwa na mtu wa kujifunza kwake. Wataendelea kula viwavi na kudonoa masega yaliyovunjika, na mtu apitaye njiani atasikia kelele mtini wala hatajua ya kuwa anaitwa. Katika sehemu nyingi za Afrika mambo yamekwisha elekea huko, kwa kuwa sukari yapatikana dukani, na vijana wameacha msitu. Hatusemi ni kosa. Sisi wenyewe twatia sukari katika chai. Twasema tu ya kuwa iko mali ambayo haiibiwi na mwizi wala haiungui kwa moto, bali yapotea kwa sababu kizazi kimoja kilicheka badala ya kuuliza.

Labda mtatuuliza, sisi wa Unguja tuna nini na ndege wa bara? Twajibu kwa mambo matatu.

La kwanza, sisi nasi tunaye ndege aliyefungamana na watu. Kunguru wa Kihindi aliletwa Unguja katika miaka ya 1890 ili ale taka za mji. Leo kila mtu amjua: amula mayai na makinda ya ndege wengine, na vifaranga vya kuku wetu hawasalimiki. Mlembe aishi kwa kazi ya watu, kunguru aishi kwa taka zao. Ndege hufuata kile tunachokiacha. Anayetaka kunguru wapungue na aanze na jaa lililo nyuma ya nyumba yake.

La pili, nyuki tunao, na warina asali tunao. Kienge kikitupwa chini kabla hakijazimwa vizuri, chaweza kuteketeza kichaka kizima cha jirani, na miti yenye maua ambayo nyuki wenyewe waitegemea. Mchovya asali hachovyi mara moja. Basi atakayetaka kuchovya tena mwakani na azime moto wake kwa maji au kwa mchanga kabla hajaondoka, tena asiyakombe masega yote, bali awaachie nyuki sehemu ya chakula chao.

La tatu ndilo kubwa. Katika kila kijiji cha kisiwa hiki, tangu Mkokotoni mpaka Makunduchi, wako wazee wajuao mambo ambayo hayamo kitabuni: upepo upi huleta dagaa, ndege yupi hulia kabla ya mvua, mti upi hupendwa na nyuki na kwa mwezi gani. Huenda baadhi ya maneno yao yakipimwa yataonekana si kweli; twajua. Lakini hatuwezi kupima neno ambalo hatukulisikiliza, wala hatuwezi kulisikiliza wakati mwenye neno amekwisha zikwa. Walimu, twawaomba: insha ya juma lijalo isiwe juu ya mambo yasiyo na msingi yanayoaminiwa na wazee. Iwe juu ya jambo moja ambalo babu au bibi amelishuhudia kwa macho yake, na mtoto aandike jina la mahali, na majira ya mwaka, na jinsi lilivyotukia. Kisha pimeni pamoja.

Nasi tumalize kwa deni letu. Baada ya kuisoma habari ile ya Niassa tulikwenda Malindi. Ghala lilikuwa na bawabu mwingine, kijana, naye akatuambia ya kuwa mzee yule amefariki zamani, amezikwa huku huku Unguja. Hatukuwa na mtu wa kumwomba radhi. Tulisimama pale mlangoni alipokuwa akiketi, na bila kutaka tukajaribu kutetemesha ulimi kama alivyofanya yeye. Hatukuweza, sauti ilikatika katikati, na yule kijana akacheka.

Hatukumkasirikia. Tulimwambia, "Keti, tukueleze."